Barua za Jumamosi

Ijumaa iliyopita nilinunua fungu la shibiti, yale majani membamba kama nyuzi, kwa yule Muirani muuza mboga wa Ghubra, nikaja nalo nyumbani kwangu Mabela, hapa Maskati, na kulikatakata juu ya supu ya kuku. Sikuwa na nia yoyote. Mapishi yenyewe niliyaona kwenye simu. Mvuke ulipopanda na ile harufu nikaweka kisu chini, nikatoka nje. Wanangu walidhani nimejikata. Hapana. Nilikuwa nimesimama uani, mtu mzima na miwani yangu ya kusomea kichwani, namlilia ajuza wa Kiyahudi aliyekufa zamani, ambaye mimi nilikuwa na hakika amekufa akiniona mwizi wa barua zake.

Wenzangu wa rika langu mnakumbuka tulivyokuwa. Wazazi walikuwa wametoka Unguja, hata Maskati yenyewe hawajaizoea sawasawa, mara baba anapelekwa na kazi yake nchi za mbali akasome, na sisi tunavishwa makoti na kubebwa pamoja na masanduku. Wengine walikwenda Misri, wengine Uingereza. Baba yangu alipata Amerika, mji mmoja wa viwanda wenye mto wa rangi ya chai na theluji isiyokwisha. Nilikuwa na miaka saba, na Kiingereza changu chote kilikuwa kuhesabu mpaka ishirini.

Mama alikataa nyumba tano. Kila nyumba aliingia akanusa, akasema hapa wamekaanga nguruwe, akatoka. Baba alikuwa keshakata tamaa ndipo mwalimu wake mmoja alipomwambia kuna mjane anayepangisha ghorofa ya juu, na yeye mwenyewe nguruwe hamgusi kwa dini yake. Tukaenda. Mjane akamtembeza Mama jikoni kwake, akamwonyesha kabati mbili, sufuria za nyama huku, sufuria za maziwa huku, na wala hazikutani. Mama akamgeukia Baba akamwambia kwa Kiswahili, "Huyu anatushinda. Tukae hapa hapa."

Jina lake Roza. Mimi nilimwita Bi Roza. Mama, kwa desturi yetu ya kumwita mtu kwa jina la mwanawe, alimwita Mama Leni, na yeye alilipenda jina hilo kwa kuwa Leni alikuwa mwanawe wa pekee. Alikuwa mfupi, mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya barabara, na nyusi za kuchora kwa wanja ambazo siku zote moja ilikuwa juu kuliko mwenzake, kwa hivyo hata akiwa amefurahi alionekana anakutilia shaka. Jiko lake lilinukia shibiti asubuhi mpaka jioni.

Jumamosi ya kwanza aligonga dari yake kwa mpini wa ufagio. Mama akanituma nishuke nikaangalie. Nilimkuta amekaa kwenye kiti jikoni, amevaa vizuri, gizani. Akasema, "Leo jikoni humu mna giza." Nikatazama. Swichi ilikuwa karibu na sikio lake. Nikaiwasha. "Ah," akasema, "sasa naona." Akakaa kidogo. "Mtu angekuwa na chai ya moto, angefurahi." Nikawasha jiko. Ikawa hivyo kila Jumamosi. Hakuniambia hata mara moja fanya hiki, alizungumza na hewa, na mimi nikatenda. Nilipitisha wiki nyingi nikiamini kwamba Jumamosi mikono yake inamuuma.

Baba ndiye aliyenieleza. Alisema Jumamosi kwao ni siku ya kuacha kazi zote, hata kuwasha moto ni kazi, hata kubeba kitu barabarani, hata kuchana bahasha, na wala hawaruhusiwi kumwagiza mtu waziwazi awafanyie. Nilimsikiliza vizuri, kisha nikaelewa kivyangu. Katika kichwa changu mambo yalikuwa mawili tu duniani, halali na haramu, kwa hivyo nikapanga: taa ya Jumamosi haramu, moto wa Jumamosi haramu. Siku moja barua ziliangukia ndani kupitia tundu la mlango, Bi Roza akazisukuma kwa ncha ya kiatu mpaka ukutani. "Kesho," akasema. Lakini kesho yake Jumapili mimi nilikuwa juu nasomeshwa juzuu, kwa hivyo sikupata kumwona akizifungua. Nikajihukumia mwenyewe, bila kumuuliza mtu, kwamba barua iliyofika Jumamosi ni haramu kama nyamafu, hata ukiiweka wiki haigeuki kuwa halali.

Na Jumamosi zile ndipo aliponisimulia. Baba yake aliingia mji ule na mzigo wa sindano na utepe mgongoni, akiuza nyumba kwa nyumba. Wayahudi wa mwanzo walikuwa wachache, wakisali katika chumba juu ya duka la viatu, na Bi Roza alisema mpaka leo akinusa ngozi mpya hujihisi anataka kusali. Viwanda vikaongezeka, watu wakaja, wakakodi ukumbi. Kisha wakajenga sinagogi yao wenyewe pembeni mwa mtaa wetu, na wanawake walioka keki miaka na miaka mpaka wakapata madirisha ya rangi. Katika mtaa ule, alisema, uliweza kununua mkate, samaki, kitabu na jeneza, na ukatukanwa vilevile, vyote kwa lugha yao. Mji ulipozidi kukua ikapitishwa barabara kuu, ikaukata mtaa katikati. Vijana wakanunua magari, wakahamia ng'ambo ya kilima kwenye nyumba zenye bustani. Mwenye bucha akawafuata, na mwenye mikate akamfuata mwenye bucha.

"Kila aliyehama," aliniambia, "aliapa Jumamosi atakuja kusali hapa. Atakujaje? Jumamosi kwetu hapandwi gari. Aliyehama kupita miguu yake amehama."

Niliyaona maneno hayo madogo wakati ule. Siku hizi, ninapopiga simu Ghubra kumwambia Mama kwamba wiki hii sitofika kwa sababu ya foleni, huyasikia upya, maana mimi pia nimevuka kilima.

Walibaki wazee. Kwao sala ya jamaa haisimami mpaka wapatikane wanaume kumi, na Bi Roza, ambaye alisali roshani ya juu na wanawake na hakuhesabiwa, ndiye aliyekuwa akihesabu. Kumi na watatu. Kumi na mmoja. Kumi. Lakini kilichomshika pale hasa kilikuwa jina la mumewe. Ukutani mwa sinagogi kulikuwa na vibao vya shaba vya majina ya wafu, na kando ya kila jina kijitaa kidogo, kinachowashwa siku yake ya kufa inapozunguka. Leni alikuwa amehamia ng'ambo ya kilima na alikuwa akimsihi mama yake ahamie kwake, na jibu lake lilikuwa lile lile. "Nikiondoka mimi, nani ataitazama taa ya baba yako?"

Nataka niseme kweli juu ya Leni: nilimpenda. Alikuja Jumapili na gari refu, akanunua halua ya ufuta ya kwenye kopo na kunikatia kipande kabla hajamkatia mtu mwingine. Alipozungumza na mimi alichutama mpaka macho yetu yakawa sawa. Hakuna mtu mzima kwetu aliyekuwa akifanya hivyo. Na alikuwa na sababu ya kuhofu, kwani majira ya baridi yale Bi Roza aliteleza kwenye ngazi ya nje, akaumia nyonga, na tangu siku hiyo hakutoka tena. Hakwenda sinagogi miezi mitatu, wala hakujua nini kinazungumzwa huko.

Jumapili moja Leni alichutama mbele yangu ngazini. "Wewe ni msaidizi wangu, sivyo?" Nikaitika. "Jumamosi zikija barua zenye picha ya kinara cha matawi saba, usimwachie mama. Zinamsumbua, naye ni mgonjwa. Niwekee mimi, nitazichukua Jumapili."

Hakuna haja ya kuniuliza kama nilisita. Nilifurahi. Nilidhani siri ya barua haramu nimeigundua peke yangu, kumbe na Leni anaijua. Zikaja tatu, kila moja na Jumamosi yake. Niliziokota zilipoanguka, wakati Bi Roza yuko jikoni anangoja chai, nikazitia ndani ya buti langu la theluji lililokuwa dogo, maana kitu cha haramu sikuweza kukiweka kwenye mkoba wa juzuu. Jumapili nilimpa Leni, akaniambia, "Hodari." Nilihisi kwamba namwokoa Bi Roza na dhambi, na yeye hajui, na malipo yangu yako kwa Mungu.

Barafu ikayeyuka. Jumamosi ya kwanza ya ngazi kavu Bi Roza alivaa kofia yake ya buluu na kutangaza kwamba leo anakwenda. Kwa kuwa haruhusiwi kubeba kitu barabarani, mimi ndiye niliyebeba kitabu chake cha sala na leso. Mama alisema, "Mshike mkono, asije akaanguka tena." Baba alikuwa dirishani na vitabu vyake. Tulitembea polepole mno, yeye akinionyesha huku na huku: hapo palikuwa duka la samaki, pale alikuwa fundi cherehani mwenye wake wawili mmoja baada ya mwingine, wote wakali.

Mlango wa sinagogi ulikuwa umefungwa mnyororo.

Bi Roza aliushika, akauachia. Tukazunguka upande wa pili. Alikuwapo mzee mmoja mtunza jengo, hakuwa wa dini yao, anapanga maboksi uani. Alipomwona akavua kofia. "Bi Roza," akasema, "hukuambiwa?" Akaeleza huku akitazama chini kwamba wamekutana, wamepiga kura, jamaa wote sasa watasali ng'ambo ya kilima, na jengo hili wamelichukua watu wa kanisa. Bi Roza akasogea dirishani, penye kioo kilichovunjika, akachungulia ndani. Na mimi nikasimama juu ya tofali nikachungulia. Ukutani, pale palipokuwa na vibao, rangi ilikuwa mpya, miraba miraba.

"Mimi nina kura," Bi Roza akasema. "Kiti cha mume wangu ni changu. Hawawezi kupiga kura bila kuniarifu."

"Barua zilipelekwa kwa kila mtu, bibi. Tatu tatu."

"Sikupata hata moja."

"Zilipelekwa. Mimi mwenyewe nilizitia posta, Ijumaa kwa Ijumaa."

Hapo nikaona watu wazima wawili wanabishana na jibu ninalo mimi. Nikainua mkono kama darasani. "Zilikuja!" nikasema. "Zote tatu. Nilizichukua mimi, kwa sababu zilikuja Jumamosi."

Bado naiona ile nyusi ya juu. Aliniuliza kwa upole nimezipeleka wapi. Nikasema nimempa Leni. Nilisubiri aniambie hodari. Akanyoosha mkono, akachukua kitabu chake na leso kutoka kwangu, akageuka, akaanza kutembea. Nikamkimbilia. "Bi Roza, leo huruhusiwi kubeba!" Akaendelea kutembea. "Bi Roza, ni haramu, nipe mimi!" Alikibeba kifuani mpaka nyumbani, njia nzima, na mimi nyuma yake nalia kwa sauti, nikimlilia ile dhambi, kwani jingine lote bado sikulielewa.

Jumamosi iliyofuata ufagio haukugonga. Nilishuka, mlango umefungwa kwa ndani. Nikazunguka nyuma nikamwona kupitia dirishani amekaa jikoni gizani, kikombe kitupu mbele yake. Nadhani ndipo nilipoelewa. Nilipanda juu nikamwambia Baba kila kitu, Leni, buti, barua tatu.

Baba alinisikiliza mpaka mwisho. Akavua miwani, akaifuta. "Ulofanya si vizuri, mama," akaniambia. "Barua ya mtu ni amana. Aloandikiwa ndiye mwenyewe. Lazima ushuke ukamtake radhi, na useme kwa mdomo wako."

Akanishika mkono tukashuka. Bi Roza alifungua mlango nusu. Nikasema maneno niliyofundishwa: nimekosa, nimevunja amana, nisamehe. Hakunitazama. Alimtazama Baba, muda mrefu, nikafikiri Kiingereza changu hakikufahamika na anangoja kukalimaniwa. Kisha Bi Roza akasema, "Mtoto hana kosa," na mlango ukafungwa.

Sikuamini. Nilijua ni lile neno wanalosema watu wazima ili mtoto aondoke. Baada ya mwezi Leni alikuja na gari katikati ya wiki, akambeba mama yake na masanduku mawili. Nilisimama dirishani juu. Hakuinua kichwa. Baba akafanya mtihani wake, akafaulu, nyumba ikauzwa, tukarudi Maskati.

Nimeishi na jambo lile maisha yangu yote, na usinicheke. Sifungui barua isiyo yangu. Mume wangu huniambia, "Ya hawara hiyo, ama bili ya umeme? Fungua!" na mimi naiweka mezani imngoje. Kazini nilipoajiriwa nilijiombea idara ya kupokea barua, na kwa miaka yote niliyokaa pale haijapotea hata bahasha moja. Wanangu wakikosea nawapeleka wenyewe kwa waliyemkosea, waseme kwa midomo yao, kama nilivyopelekwa. Na Baba alipofariki, siku ya hitima, wanawake walipokuwa wanataja mema yake, mimi nilisimulia hilo. Nilisema baba yetu alinishika mkono mimi mtoto wa miaka minane, akanishusha ngazi, kwa ajili ya amana ya mwanamke si wa kabila letu wala dini yetu. Watu walilia. Mama alikuwa amekaa kando yangu na tasbihi yake.

Sasa Ijumaa hiyo ya shibiti Mama alikuwa anakuja kula kwangu. Alipoingia tu akasimama. "Hii si harufu ya kwa Mama Leni?" Nikajaribu kucheka, nikashindwa. Nikamwambia mpaka leo namwombea bibi yule, na kwamba katika makosa yangu yote lile ndilo nisilojua nitalijibia nini.

Mama aliweka kijiko chini. "Khalas, mwanangu," akasema. "Lile si lako. Nnaona uzito kukuacha nalo, na mie siku zangu ndo hizi."

"Si langu vipi?"

"Leni alipanda juu kwetu kwanza, kabla hajakwambia wewe. Alikuja kuzungumza na babako. Alisema sinagogi ikifungwa mamake atakubali kuhama, na akihama nyumba itauzwa, lakini babako akimsaidia zile barua za kura zisimfikie mamake akapinga, sie tutaachwa mpaka mtihani uishe. Na kama hamsaidii, basi tutafute pengine na baridi ile."

Nikamwuliza Baba alisema nini. Nilitaka aniambie kwamba Baba alimfukuza.

"Babako alisema, mie mtu mzima, nikionekana ntakuwa nimeiba. Yule mtoto hushuka kila Jumamosi. Mwambie yeye, mtoto hatolaumiwa."

"Na wewe ulikuwepo."

"Nlikuwa napika. Nlisikia."

"Na akanipeleka nikaombe radhi."

"Nlimwambia usimpeleke, wallahi nlimwambia. Akasema asipopelekwa Mama Leni atajua kama ni sie." Akakunja leso yake, akaikunjua. "Na alijua. Hakuwa mjinga mwanamke yule."

Nilikuwa na swali moja tu lililobaki, na nililiuliza kwa sauti ambayo sijapata kumtolea mama yangu. Nilimwuliza siku ya hitima, nilipokuwa nasimulia mbele ya watu, kwa nini alinyamaza.

"Ulikuwa unampenda," akasema. "Ntakwambiaje, na maiti yenyewe bado mbichi?"

Leni nilikwisha kumsamehe kitambo. Alikuwa anamtaka mama yake, na hata yeye angalau alichutama akaniomba. Baba hakuniomba. Alinitoa, kisha akanifundisha kutubu, na nikamshukuru kwa mafunzo hayo mbele ya watu. Sina hasira za kupiga kelele. Nina kitu kizito zaidi, na sijui nikipeleke kwa nani, maana mwenyewe yuko kaburini.

Magharibi tuliswali pamoja, mimi na Mama, sebuleni. Tangu Baba afe sijapata kuinuka kwenye mswala bila kumwombea ile dua ya wazazi, ambayo sote tunaijua tangu vyuo vya Kurani, ya kumwomba Mola awarehemu kwa vile walivyotulea tulipokuwa wadogo. Niliinua mikono, nikaanza. Nilipofika kwenye malezi ya udogoni ulimi ukasimama. Mama alikuwa nyuma yangu anangoja aitikie amina, akangoja, mwisho akainuka akaenda kuvaa viatu vyake.